Kikaratasi cha Masahihisho

Nilikuwa mpanga herufi, Barabara ya Pugu,
kabla kompyuta hazijatuachisha kazi na harufu ya wino.
Vitabu vyote vitatu vya Bi Sikudhani Mwinshehe
vimepita kwenye ncha za vidole hivi,
kichwa chini, miguu juu, ndivyo risasi inavyotaka;
kwa hiyo historia ya mji huu
mimi niliisoma kwanza ikiwa imesimama kwa kichwa.

Cha kwanza kilikuwa cha makuli na mgomo wao.
Cha pili, siasa. Kikalala kwenye droo ya mtu miaka sita,
kikatoka na kutu ya pini,
na mistari iliyokatwa kwa kalamu nyekundu
ambayo yeye aliirudisha yote, akaongeza mmoja.
Cha tatu, vanga, mdundiko na maneno ya kanga;
wasomi wakasema si kitabu, ni porojo za uani.
Hicho ndicho kilichoisha dukani.

Alikuwa mwandishi wa habari. Hakuandika "inasemekana".
Aliuliza: nani kasema? Alikuwa amekaa wapi?
Mvua ilikuwa inanyesha?
Usiku mmoja aliniita kutoka Buguruni, nimeshalala,
kwa sababu ya nukta.

Sasa sikiliza.
Wiki ya tatu baada ya kile cha kwanza kutoka,
kaja mwanamke, kanga mbili, kitabu kwapani,
kakifungua juu ya meza yangu, ukurasa wa themanini na nne.
Kidole kikatua chini ya sentensi moja:
Wanawake nao walikuwepo.
"Huyu 'nao'," akasema, "ana jina.
Mwanamvua binti Kambi. Kanizaa mimi.
Alikaanga vitumbua Gerezani,
akalisha makuli siku kumi na moja kwa daftari la deni,
na daftari lenyewe akalitia jikoni.
Na mdomo alikuwa nao! Walipotaka kurudi kazini
alipindua kinu, akasimama juu yake, akawasema
mpaka wakakaa chini.
Wewe umeandika 'nao'."

Bi Sikudhani alikuwa nyuma ya mlango, anasubiri prufu.
Nilidhani atabisha. Nimewaona waandishi wakibisha.
Alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya buibui,
akaifuta tena.
Kisha akavuta stuli: "Kaa, dada. Anza na kinu.
Kilikuwa cha nani?"

Nakala mia saba na kumi zilikuwa bado stoo.
Karatasi alilipia kwa bangili.
Nikapanga mistari minne, herufi ndogo kuliko zote tulizokuwa nazo:
Ukurasa wa 84, badala ya "Wanawake nao walikuwepo", soma
na hapo jina, na vitumbua, na deni, na kinu.
Tulibandika wenyewe, kwa uji wa muhogo,
yeye, mimi na yule binti wa Mwanamvua,
siku nne mpaka usiku, joto la Februari, feni imekufa.
"Kosa la chapa ningekusingizia wewe," akaniambia,
"hili ni la masikio yangu."

Jana nimepita Posta. Vitabu vimetandazwa juu ya turubai.
Nikakiona. Jalada limeliwa,
mgongo umeshonwa kwa uzi wa viatu.
Themanini na nne:
kikaratasi hakipo.
Doa tu la kahawia, la pembe nne,
kama ukutani pale picha iliposhushwa.
Mende. Muhogo mtamu.

Nikaomba kalamu kwa kijana muuzaji,
nikaandika pambizoni, herufi moja moja kama zamani,
mkono unatetemeka:
Mwanamvua binti Kambi. Alisimama juu ya kinu.

"Mzee, unaharibu mali ya watu!"
"Naisahihisha."
"Basi kinunue. Elfu nane."

Elfu nane, kwa kitabu ninachokijua kwa vidole.
Nikalipa.
Nikakirudisha palepale, juu ya rundo, kimefunguka,
nikaokota kijiwe kando ya mtaro
nikakiweka juu ya ukurasa,
maana magari ya pale yanapita na upepo.